Dakika Moja ya Kimya kwa Mtu Aliye Hai

Chekeni, lakini chekeni upesi nimalize, maana mimi mwenyewe mpaka leo nimeshindwa kuicheka.

Diane, niliyesoma naye Mwanza kabla familia zetu hazijarudi Kigali, aliandaa maonyesho ya filamu kwenye ukumbi mmoja wa Kicukiro, akaniomba nieleze kwa Kiswahili maisha na kazi za mwongozaji mmoja wa Hungaria, ambaye pia ni mwandishi. Akanipa flash yenye filamu zake tatu na karatasi ya maelezo.

“Soma yote, sha. Kuna mgeni anatoka kwao, utamupa script yako.”

Muswada huo wa filamu nimeuandika miaka sita (mke wangu anauita mke mwenza), kwa hiyo nilikubali mbio mbio. Filamu ya kwanza ilianza na mlango uliofungwa, robo saa nzima mlango tu, nikaizima. Karatasi sikuigusa. Niliandika jina la mwongozaji kwenye simu, nikapata habari zake zote mpaka kifo chake, nikashukuru. Kumbe huyo alikuwa mwongozaji mwingine wa jina hilo hilo (huko kwao, nadhani, limejaa kama Uwimana hapa kwetu).

Siku yenyewe nilizungumza vizuri, nikafika kwenye ugonjwa wake sauti ikatetemeka, kisha nikasema, “Tusimame dakika moja tumkumbuke.”

Kigali, mji wa kumbukumbu nyingi, ukiambiwa hivyo huwezi kubaki umekaa. Ukumbi mzima ulisimama, hata muuza soda mlangoni aliweka kreti chini. Mstari wa mbele mzungu mmoja mzee alivua kofia, akaegemea fimbo, akainamisha kichwa, nami nikaona mgeni ana heshima kweli, nikairefusha ile dakika. Mkalimani wake alikuwa anamvuta mkono. Diane akapanda jukwaani mbio.

“Mana yanjye, Mungu wangu! Ni yeye huyu! Iko mbele yako!”

Kumbe ndiyo habari iliyokuwa kwenye karatasi, na maikrofoni ilidaka kila neno. Nami badala ya kunyamaza nikasema, “Basi tukae, tumshukuru Mungu amefufuka.” Hapo ndipo walipocheka.

Mzee aliomba maikrofoni, mkalimani akatafsiri: “Serikali ilipofungia filamu zangu, marafiki waliacha kunitaja. Walinizika nikiwa hai, na siku hiyo hakusimama mtu. Asanteni.”

Wakapiga makofi, na mimi mjinga nikadhani nimepona. Nikamfuata na muswada wangu. Akauliza ni filamu yake ipi niliyoipenda. Nikamnyooshea muswada.

Akaupokea, akaupima uzito mkononi, hakufungua hata ukurasa mmoja.

“Kazi nzuri sana,” akasema. “Hasa mwisho wake.” Akanirudishia.

Nimeapa sitamsifia tena mtu ambaye kazi yake sijaigusa. Zile filamu nimeshaziona zote tatu. Ule mlango hatimaye unafunguliwa, nami nililia kama mtoto, na mzee niliyetaka kumwambia hivyo alikuwa ameshapanda ndege kurudi kwao.