Sauti Aliyowawekea Wageni

Natengeneza filamu za maisha halisi, zile zisizo na waigizaji. Kwa miaka kadhaa nimefuatilia swali moja: mtu akifa, ile sauti yake tunayoendelea kuisikia kichwani inakaa wapi? Nilimhoji mwalimu wa falsafa, nikamhoji na daktari wa masikio. Daktari aliniambia sikio halihifadhi kitu. Ubongo ndio unaoijenga sauti upya kila tunapoikumbuka, na kila mara unakosea kidogo. Sikumwambia kwamba nilianza kuuliza kwa sababu ya mama yangu, marehemu, ambaye sauti yake ilikuwa inanipotea.

Rekodi zake ninazo nyingi. Lakini kila nilipozisikiliza nilibaki na kiu ileile.

Mwaka jana nikaenda kijijini Ulemo, kwa mdogo wake. Nilimkuta uani akipepeta uwele.

"Shikamoo, mama mdogo."

"Marahaba, baba. Mbona umekonda hivi?"

Nilimvisha hedifoni, nikamfungulia rekodi ambamo mama anasimulia walivyokuwa wakiwinga ndege shambani utotoni. Alisikiliza ameinamisha macho, kisha akazivua.

"Huyu ni dada akiwa na wageni."

"Wageni gani? Tulikuwa wawili tu, mimi na yeye."

"Na hiyo mashine yako je? Dada alikuwa anagomba kwa Kinyiramba, anacheka kwa Kinyiramba. Hapa anaongea Kiswahili kama yuko mbele ya mchungaji."

Ilikuwa kweli. Kamera ikiwaka, mama alijifunga khanga vizuri, akakaa wima, akaanza kuchagua maneno. Hakuna aliyemwagiza. Aliona filamu inastahili heshima.

Mchana ule nilikuwa sebuleni nakunja nyaya, mama mdogo akaniita kutoka jikoni nikale. Aliita kwa Kinyiramba, akilivuta neno la mwisho, kama alivyokuwa akilivuta mama. Nilishtukia nimeshasimama, waya mkononi. Miguu ilikuwa imeitika kabla yangu. Kwa kitambo kidogo sana, mama yangu alikuwa jikoni.

Nikakimbia na maikrofoni.

"Mama mdogo, niite tena. Vilevile."

Akafuta mikono, akaweka khanga sawa, akakohoa.

"Karibu chakula, mwanangu," alisema, kwa Kiswahili safi.

Tulicheka wote wawili. Kisha mimi nikashindwa kuendelea kucheka. Nilikula ugali nimeinama, naye akawa ananiongezea mlenda bila kuniuliza.

Filamu yangu kuhusu swali lile imekwisha, na sauti ile haimo. Siku hizi, Jumapili jioni, nampigia mama mdogo simu kutoka Dar. Ana tabia ya kupokea kabla hajamalizana na aliyekuwa naye, kwa hiyo namkuta katikati ya kumfokea kuku aliyeingia kwenye unga, kwa Kinyiramba, kwa sauti ya juu. Nanyamaza, nasikiliza. Halafu anakumbuka simu.

"Haloo? Nani mwenzangu?"

Nakawia kidogo kujibu, huenda yule kuku akarudi.