Bakuli kwa Sari

Damyanti aliingia dukani kwangu Kingsbury Road, London, siku ya mvua, akanisalimu kwa Kiswahili cha Tanga, kisha badala ya kutazama vitambaa akaanza kulipima duka kwa macho. Alikuwa na miaka sitini na tatu, mfupi, amevaa koti la mvua la kiume juu ya sari, anavuta begi la magurudumu lililojaa bakuli za stili.

"Hapa mlangoni pamekaa bure," alisema. "Weka meza nikae mimi."

"Hapajakaa bure. Hapo wateja wanakunjia miavuli."

"Mwavuli hauleti mteja, dada. Mimi nitakuletea."

Nikamwuliza kodi atanipa nini. Akasema kodi hatoi, ila atanipindia mapazia yote ya wateja wangu. Wakati huo nilikuwa na fundi mmoja Wembley, kila pazia wiki mbili na kisingizio kipya. Nikamwambia nataka kila kazi kwa siku tatu. Akasema yeye humaliza kwa mbili, lakini kwa mbili atataka na kiti chenye mto. Nimeuza vitambaa miaka ishirini na sita, na walionishinda kwenye mapatano hawajai mkono mmoja. Yule alinishinda akiwa amesimama, koti linachuruzika maji.

Kazi yake ilikuwa hii. Wanawake wa Kingsbury, Kenton na Stanmore wana makabati ya sari zisizovaliwa tena. Mabinti zao hawazitaki, na kuzitupa kunauma. Walimletea Damyanti. Yeye huishika sari kwenye pindo, akaisugua baina ya kidole gumba na cha shahada, akaiinua kwenye mwanga wa mlango, kisha akatoa hukumu: hii bakuli mbili, hii bakuli tatu na sahani, hii rudi nayo, itachanika nikiitia sindano. Pesa haikupita hapo. Sari akizikata na kuzishona mifarishi ya vitanda vya watoto, Jumapili akawauzia vijana wa Kiingereza gulioni. Mama mwenye gari la kifahari alikuwa tayari kubishana naye nusu saa kwa kifuniko kimoja ambacho duka la pili angenunua kumi. Walikuja kwa ajili ya ubishi wenyewe. Na wakishamaliza, wengi waligeuka wakaona mapazia yangu.

Alizaliwa Ngamiani, Tanga. Mama yake alifanya kazi hiyo hiyo mlango kwa mlango, bakuli kichwani. Damyanti aliolewa na kuja London akiwa na miaka kumi na tisa, akafua mashuka ya hospitali miaka ishirini na miwili, akafiwa na mume. Mwanawe Sandeep yuko Leicester, anaendesha lori. Mama anamsemesha kwa Kiswahili, yeye anajibu kwa Kiingereza. Pensheni ilimtosha kwa chumba chake cha Kenton na umeme. Kula kwake kulitoka kwenye ile meza.

Jambo moja nililiona lakini sikulitilia maanani. Wateja wakimwuliza jina la ukoo, na kwa Wahindi swali hilo linakuja kabla ya hali ya hewa, alijibu kwa haraka jina la watu wa heshima, kisha akairudisha kazi mbele: "Hii sari uliivaa harusi ya nani?"

Kwetu Pemba ukimsifu mtu kazi yake, sifa haijakamilika mpaka umwulize ni mtoto wa nani na mkono ule kaupata wapi. Ni adabu. Basi Jumanne moja, nikimtazama anavyounganisha vipande bila kupima, nikamwuliza:

"Mama Sandeep, mkono huu wa kwenu? Nyinyi ni watu gani hasa?"

Dukani alikuwamo mteja mmoja tu, Bhavna wa Stanmore, anachagua kitambaa cha pazia la sebuleni. Naye siku zote tulisema Kiingereza. Damyanti alimtupia jicho, kisha akanijibu kwa Kiswahili, kama mtu anayeingia chumbani na kufunga mlango.

"Sisi Wawaghri, dada. Tanga ukimwambia Mswahili wewe Mwaghri, atakuuliza unauza nini, yakaisha. Lakini kwa Wahindi wenzangu hilo ni tusi. Mtoto akichafuka mama yake anamwambia, acha uwaghri."

"Mmewafanya nini?"

"Waingereza walituandika kwa sheria, kule Gujarat. Ukoo mzima, wezi. Si kwamba umeiba, umezaliwa tu. Babu yangu alitiwa wino vidoleni angali kijana. Alikuwa anakwenda kituoni kujionyesha kwamba yupo, na akitaka kulala kijiji cha pili aombe cheti. Akachoka, akapanda meli akaja Tanga, akajipa jina jingine. India ilipojitawala sheria ikafutwa na waliotuandika wakarudi kwao. Neno likabaki." Akacheka, sindano mdomoni. "Na mimi nikawafuata huku kwao, nikawafulia mashuka."

Bhavna aliweka kitambaa juu ya kaunta.

"Nikatieni mita nane za hiki cha kijivu," alisema, kwa Kiswahili kilichonyooka cha Kisumu. Kisha akafunga mkoba wake. "Au acheni tu. Nitapita siku nyingine."

Mlango ukafungwa. Mimi na Damyanti hatukutazamana. Nusu ya Wahindi wa mtaa huu wametoka Kisumu, Nairobi na Kampala; nawauzia kila siku na nalijua hilo kama ninavyolijua jina langu. Na bado sisi wawili tulijificha ndani ya Kiswahili kana kwamba tuko Norwei.

Ijumaa walikuja wanawake watatu kudai sari zao. Zilikuwa zimeshakatwa. Mmoja alirudisha bakuli zake zimefungwa gazeti, amezishika mbali na mwili.

"Miezi minne umekula dengu humo," Damyanti alimwambia. "Dengu nazo utazirudisha?"

Mwingine alikuja kwa pazia lake, na alipopita mbele ya meza akahamisha mkoba kutoka bega hili kwenda lile. Damyanti aliona. Aliendelea kushona, lakini nilimwona akifumua mstari mzima na kuuanza upya, jambo ambalo sikuwahi kuliona. Wiki nzima hakuna aliyeleta sari.

Kisha akaja Hitesh, mwenye jengo. Ni mtu wa Nairobi, mpole, hajawahi kupaza sauti, na hilo ndilo linalomfanya awe mgumu. Damyanti alikuwa kwenye kiti chake, hatua tano kutoka kwetu.

"Bi Jokha, mimi binafsi sina neno," alianza.

"Nani ana neno, Hitesh bhai?"

"Watu. Unawajua watu. Na mkataba wako unakwisha Juni, sitaki tufike kubaya. Ile meza tu."

"Kaiba nini?"

"Sijasema kaiba."

"Kamtukana mtu? Kaziba njia ya zimamoto?"

"Wewe Mzanzibari, mambo haya huyajui."

Nilikuwa nayajua kiasi. Baba yangu aliondoka Pemba na sanduku moja kwa sababu ya jina la babu yake. Lakini sikumtajia Hitesh; kwenye mapatano sitoi kitu ambacho hakijaulizwa. Nilichukua karatasi ya risiti nikaigeuza, nikamwekea na kalamu.

"Andika: namtaka Jokha amwondoe Damyanti kwa sababu ya ukoo aliozaliwa. Tia sahihi na tarehe. Nitamwondoa leo leo, kabla sijafunga duka."

Aliitazama kalamu kama kitu cha moto. "Mambo haya hayaandikwi."

"Yaliandikwa zamani, ndiyo maana umekuja. Yaandike tena."

Alitabasamu kama mwenye jino linalouma. Lakini kumwaibisha mwenye nyumba na kumwacha hivyo ni biashara mbaya, Juni ingekuja tu. Kwa hiyo nikamwambia: nipe mkataba mpya sasa, wa miaka mitano badala ya mitatu, na ndani yake iandikwe kwamba meza ya mlangoni ni yangu kumpa nimtakaye. Pembeni yetu alikuwa na maduka mawili matupu tangu baridi ianze, vibao vya kupangisha vinapigwa na upepo. Alifikiri mpaka chai niliyomwekea ikaota utando. Akasema ataleta karatasi Jumatatu, na akazileta. Sikumshinda kwa haki. Nilimshinda kwa yale maduka mawili matupu.

Alipotoka nilimkuta Damyanti ameshazipanga bakuli zote begini.

"Umeninunulia meza?" aliuliza.

"Nimejinunulia fundi wa mapazia."

"Sikukuomba."

"Hukuniomba. Na swali lile sikupaswa kukuuliza mbele ya mtu. Kosa langu."

Alinitazama jinsi anavyotazama pindo. "Kosa hilo kwako lina thamani gani?"

"Unataka nini?"

"Dirisha. Mifarishi yangu ionekane barabarani."

"Dirisha natundikia mabuibui ya kuuza."

"Nusu."

"Robo."

Akafunga zipu ya begi.

"Nusu," nikasema.

Bhavna hajarudi mpaka leo. Nasikia mapazia kayanunua Harrow. Wale watatu pia hawajarudi. Jumamosi ya kwanza baada ya mifarishi kutundikwa, alikuja mama mmoja wa Kenton na sari mbili. Kigujarati changu ni cha dukani lakini kinatosha. Aliuliza jina la ukoo. Damyanti alilitaja lenyewe, lile aliloliacha babu yake, pamoja na kabila, kwa sauti ya kawaida, huku kidole gumba kiko juu ya pindo.

Mkono wa yule mama ulikuwa bado juu ya sari ya pili, hajaiachia.

"Hiyo uliyoshika," Damyanti alisema, "bakuli mbili."

"Mbili? Hii hariri ya Banaras!"

"Banaras ya kiwandani Surat. Tazama nyuzi."

Mama alitazama nyuzi. Akavuta kiti.

"Tatu," alisema.

"Mbili na kifuniko."