Talaka Mbili Mbele ya Kamera

Kuna mwaka kiboko aliingia kwenye mpunga wangu kule Mbwara, mie nikaruka kutoka juu ya dungu la kulindia shamba na kukimbia, msuli niliojifunga kiunoni ukabaki umenasa kwenye msumari, nikatokea hivyo hivyo mbele ya wanawake wanaopalilia. Walicheka mpaka wakakaa chini. Nikadhani aibu yangu ya duniani imeishia pale, kumbe ile ilikuwa ndogo, kubwa ilikuwa inaningoja uzeeni, stendi ya Ikwiriri.

Walikuja vijana kutoka Dar kupiga filamu fupi, dakika tatu tu (nikawauliza, dakika tatu si mtu hajamaliza hata kusalimia?). Mzee anakutana na mkewe stendi, anamwambia neno moja, anaondoka zake. Mzee nikachaguliwa mie, kwa sura. Mwigizaji wao wa kike tumbo likamwendesha tangu asubuhi, nami kwa kiherehere changu nikasema, “Si yupo mke wangu, Mama Asha? Mchukueni!”

Karatasi yao sisomi (shule niliiacha darasa la pili nikaenda kuamia ndege shambani), basi binti mwongozaji akanitamkia: “Mzee, unamtazama, unasema ‘Nimekuacha.’ Basi.”

Nikamtazama Mama Asha, nikasema, “Nimekuacha.”

“Kata! Pikipiki imepiga honi. Turudie.”

Nikasema tena, safari hii kwa uchungu, mpaka nikajisifu moyoni. Ndipo mtani wangu mmoja Mmatumbi, muuza ufuta, akapaza sauti: “Mbili hizo, Mndengereko! Toa ya tatu tumuoe sie!”

Nikahesabu vidoleni, kweli mbili. Talaka hata uitamke kwa masihara inahesabika, na ya tatu haina kurejeana, ndivyo tulivyofunzwa chuo cha Kurani, na mie nimeshamwaga mbili kwa mke wa miaka arobaini, stendi nzima mashahidi!

Mama Asha akanikazia macho. “Baba Asha, ya tatu ikikutoka, nguo zako utazikuta mlangoni.”

“Mara ya mwisho, mzee wangu,” binti akabembeleza. “Akisheni!”

“Nimekurejea!” nikapayuka. “Mama Asha, nimekurejea, nyie wote mashahidi!”

Watu wakaangua kicheko. “Kata! Mzee, siyo hilo neno!”

“Kwako siyo, mwanangu. Kwangu ndilo.”

“Na nani kakwambia nataka kurejewa?” akauliza Mama Asha, lakini kikapu chake keshakiokota, tayari kurudi nami nyumbani.

Tangu siku hiyo neno la kutamkishwa na mtu silitaki, hata la kheri. Nikavua kofia yao waliyonivisha, nikaitundika juu ya kamera, nikaondoka. Wakaniita, “Mzee! Mzee!” Sikugeuka, wala stendi ile sijaikanyaga tena.