Mguu wa Hadassa na Meza ya Bwana

Ézéchias Kitsa alichanja ng'ombe wa watu kule Lubero, kwa kazi ya serikali, tangu ujana mpaka nywele zikawa nyeupe. Serikali ikamshukuru kwa kumstaafisha bila hata faranga moja. Sasa anakaa Bulengera na mke wake Hadassa, ambaye mguu wake unaoza kwa kisukari, na daktari hakuficha: ukatwe upesi, pesa kwanza, la sivyo atakufa.

Dosye, faili lake la pensheni, ilikuwa imelala Butembo, kwa mkuu wa ofisi mmoja aitwaye Éliakim, aliyetaka apewe nusu ya pesa ndipo asaini. Ézéchias ana kichwa kigumu. Akakataa, akapanda pikipiki mpaka Beni, kwa barabara ile ambayo ukifika mzima unapiga magoti, akafungua mashitaka. Wakili wake, Maître Adèle, akamwambia kesi imeiva, hukumu ni mwezi ujao.

Balaa ni kwamba yeye na Éliakim wanasali kanisa moja, na Éliakim ni shemasi. Wazee wa kanisa wakamwita Ézéchias. Nani amemdhulumu nani, hawakuuliza.

"Papa Ézéchias, bakristo habapelekanake ku tribinali," mkubwa wao alisema. "Utoshe ile mashitaka kule tribinali. Kama hapana, hautakaribia Meza ya Bwana, weye na mama. Na mama akikufa, kanisa haitamuzika."

Hapo ndipo walipompata. Kama ni yeye peke yake, angewaachia mkate wao. Lakini Hadassa azikwe bila wimbo, bila mchungaji, kama mbwa wa njiani?

"Kuzikwa vile njo naogopa," Hadassa alimwambia akilia. "Kisu ya munganga wa hospitali, hapana."

Ézéchias akarudi Beni kusaini kwamba anaacha dai lake lote.

"Papa, ukisinyé hii, hautarudia tena," Maître Adèle alimsihi. "Ni mwisho kabisa."

Akasaini. Éliakim alikuwa ameapa mbele ya wazee kwamba atasaini dosye na kuipeleka wiki hiyohiyo. Mbuzi akachinjwa, wakala sahani moja, wakaombeana. Mzee mzima, na akili zake zote, akaamini.

Jumatatu alifika ofisini kuulizia dosye. Éliakim akampa kiti.

"Papa, si tulishasameheana? Sasa kwa nini unafufua tena ile mambo? Unataka bazee basikie?"

Jumapili iliyofuata, Éliakim ndiye aliyepitisha mkate. Kisha akasimama mbele, akatangaza kwamba mama Hadassa anaumwa, ndugu tumsaidie. Akatoa noti mfukoni, taratibu, mpaka wa nyuma wakaiona, akaiweka kwenye kikapu. Akina mama wakapiga vigelegele. Kikapu kikazunguka kanisa zima na hakikuleta hata robo ya bei ya kukata mguu.

Mchungaji akamwita Ézéchias aseme neno. Hadassa alikuwa anamtazama kutoka kwenye benchi. Ézéchias akasimama, akawageukia watu, akamshukuru shemasi Éliakim kwa jina lake.