Siku Niliyomfafanulia Baba Mkwe Haidrazaidi

Wenzangu wakiaibika huaibikia nyumbani, mbele ya mume na paka, na kukipambazuka jambo limekwisha. Mimi niliaibika saa tano ya mchana, jua likiwaka, kwenye nyasi za mzungu aliyekuwa amehama, mbele ya wanakampuni wote waliokuja kugawana mashamba kwa kura, wazee kwa akina mama, na maneno yaliyonitoka mdomoni siku hiyo yalihusu mkojo wa baba mkwe wangu. Sasa nacheka. Siku hiyo nilitafuta shimo la fuko niingie.

Kwanza mjue nilikuwa nani. Nilikuwa nimeolewa mwaka haujaisha, na katika ule ukoo wote hakuna aliyekuwa ameiona Form Two isipokuwa mimi (niliiona, sikuimaliza, lakini hilo wakwe hawakuuliza na mimi sikuwasumbua nalo). Mume wangu Kamau alikuwa kwa kazi ya kupasua mbao huko Ainabkoi, anarudi mwisho wa mwezi, kwa hivyo kwenye vyumba vyetu vya kupanga hapo Eldoret tulibaki mimi, mama yake, na baba yake Mzee Kariuki. Mzee alikuwa amekamua ng'ombe wa wazungu tangu ujana wake, na uhuru ulipokuja yeye na wenzake, Wakikuyu, Wanandi na Waluhya kidogo, walichanga pesa, wakaunda kampuni, wakanunua shamba moja kubwa upande wa Chepsaita. Lakini kabla hawajagawana kwa kura, Mzee akashikwa na kifua kikuu. Akalazwa miezi, akadungwa sindano mpaka makalio yakawa magumu kama soli ya kiatu (maneno yake, si yangu), halafu akarudishwa nyumbani na tembe za kumeza kila asubuhi, na onyo kwamba asiziache hata akijisikia mzima.

Na alikuwa anapona, jamani. Kikohozi kilikuwa kimepungua, suruali imeanza kushika kiunoni bila kamba. Shida ilikuwa watu. Kanisani akikaa benchi, benchi inabaki yake peke yake. Kwenye kampuni wako waliosema wazi, "Mtu wa kifua apewe shamba la nini? Atalima kaburi?" Halafu jirani yetu mmoja, mshona viatu, akampenyezea sikioni kwamba tembe hizo zinammaliza mtu nguvu polepole mpaka anazimika kama taa iliyokosa mafuta ya taa.

Hayo ndiyo yaliyomleta Mzee kwangu jioni moja nikichambua maharagwe, siku moja kabla ya kura, ameshika chupa ya dawa. Zamani walikuwa wanamfungia tembe kwa karatasi, lakini safari hiyo alipewa chupa nzima yenye maandishi ya kizungu.

"Msichana wangu," akasema, "hebu soma hapa. Nataka kujua ninameza nini. Kama haina maana, kesho naacha."

Nikasoma. Isonikotiniki, asidi, haidrazaidi. Nilisoma polepole nikikanyaga kila silabi kama mtu anayevuka mto kwa mawe, nikafika ng'ambo salama, na ninyi mnajua kwamba kulisoma neno na kulijua ni mambo mawili. Hapo ndipo ningesema, "Baba, sijui, tukamuulize daktari." Basi, yangeishia hapo. Lakini Mama alikuwa amesimama mlangoni ananitazama, na Mama ndiye aliyekuwa amewaambia wanawake wote wa pale kwa mfereji kwamba bibi ya Kamau hakuna kizungu kinachomshinda. Nikaogopa kumwangusha. (Uongo. Niliogopa kuanguka mimi.)

"Asidi," nikaanza, na sauti yangu mwenyewe ikanipendeza, "ni kama ile ya betri ya trekta. Inachoma. Ndiyo inachoma wadudu wa ugonjwa."

"Inachoma ndani yangu?" Mzee akauliza, akijishika kifua.

Nikaona nimemtisha, nikatafuta njia ya kumtuliza, na njia ikajileta yenyewe. "Ndiyo maana wameandika haidrazaidi. Haidra ni maji, tulifundishwa sayansi. Na zaidi..." nikanyamaza kidogo kama nilivyomwona mwalimu wetu akifanya, "zaidi ni zaidi."

"Maji zaidi?"

"Maji zaidi, Baba. Ukimeza unywe maji mengi, yaizime asidi, ugonjwa wote utoke nje."

Mama akauliza hiyo nikotini nayo ni nini, nikasema ni mambo ya tumbaku, na Mzee uso ukang'aa kwa sababu daktari alikuwa amemkataza ugoro, kwa hivyo nikakimbilia haraka kuweka maharagwe motoni. Lakini niliona wale wazee wawili wakitazamana. Mzee hakusema tena habari ya kuacha dawa. Nililala nikijisifu.

Asubuhi nikaamka nikamkuta ameketi jikoni na sufuria ya maji yaliyochemshwa, anachota kwa kikombe cha bati na kunywa kama ng'ombe wa kiangazi. Alikuwa amevaa koti lake la kanisa. "Leo," akaniambia huku anafuta ndevu, "nataka wanione nimesimama mzima. Huu ugonjwa wacha utoke wote kabla ya saa nne." Nikajaribu kusema labda kikombe kimoja au viwili vinatosha. "Si imeandikwa zaidi?" akaniuliza. Na mwandishi mwenyewe nilikuwa mimi.

Mama akabaki nyumbani, mimi na Mzee tukasafiri kwa trela ya trekta, wanakampuni tumejazana huko nyuma, na barabara ya Turbo wakati huo ilikuwa mashimo matupu. Hatujatoka town vizuri Mzee akamwomba dereva asimame. Akashuka, akapanda. Tukaenda kidogo, akaomba tena. Mara nyingine dereva hakusikia kwa ule mngurumo, na Mzee akaushika ukingo wa trela macho ameyafumba, midomo inatembea, nikajua anaomba Mungu. Aliposhuka safari hiyo alikuwa anakimbia. Dereva, kijana wa Kinandi, akageuka akaniuliza kwa upole, "Mama, huyu mzee tutamfikisha kweli?" Nikasikia wanawake nyuma yangu wakinong'ona, na mmoja akavuta leso akajifunika pua. Mimi nilitazama mashamba ya mahindi kama mtu ambaye hajawahi kuona mahindi.

Huko shambani watu walikuwa wamekaa kwenye nyasi mbele ya ile nyumba kubwa. Mwenyekiti, Mwalimu Rono, alikuwa na debe lenye vikaratasi vya nambari, akaeleza utaratibu: mtu akiitwa aje mwenyewe aokote nambari yake, na ataitwa mara tatu, asipotokea atangoja mpaka wote waishe, achukue kitakachobaki. Kila mtu alijua kitakachobaki. Kulikuwa na vipande kule chini ambavyo hata mbuzi alikuwa anavipitia kwa adabu.

Choo cha nyumba kilikuwa kimefungwa. Kilichokuwa wazi ni nyuma ya ua wa kayaba, na kayaba ina miiba, huwezi kuipenya, lazima uizunguke yote mpaka mwisho wa bustani. Mzee aliizunguka. Akarudi, akakaa, akanitazama kwa yale macho ya kuuliza hii dawa inafanya kazi namna gani, akainuka, akaizunguka tena. Na ilikuwa ni akiwa huko ndipo Mwenyekiti akaita:

"Kariuki wa Njoroge!"

Vichwa vikageuka kumtafuta.

"Kariuki wa Njoroge! Mara ya pili!"

Mwanamume mmoja mwenye viatu virefu vya gambuti, Gitau, ambaye ndiye aliyekuwa na lile neno la kulima kaburi, akasimama. "Mwenyekiti, ruka huyo. Si mmemwona anavyokimbia tangu asubuhi? Ugonjwa umetoka kifuani umeingia tumboni. Huyo amekwisha. Nafasi yake apewe mtu atakayelima."

Watu wakaguna, na wengine, nawaambia ukweli, wakatikisa kichwa kukubali. Nikamwona Mzee kwa mawazo yangu, koti la kanisa, ng'ombe wote aliowakamua miaka yote ile, na sasa ananyang'anywa akiwa nyuma ya ua. Wanawake hawakuwa wanazungumza kwenye mikutano kama hiyo, sembuse bibi arusi. Lakini miguu ilisimama kabla yangu, na mdomo ukafuata.

"Yupo! Hajakwisha! Anakojoa tu!"

Kutamka jambo kama hilo kuhusu baba mkwe, mbele ya rika lake! Nilitaka kukaa, lakini Gitau hakuniacha. "Kukojoa gani kwa asubuhi nzima?"

"Ni mimi," nikasema, na machozi sasa yanakuja. "Ni mimi niliyemwambia anywe maji. Dawa yake imeandikwa haidrazaidi. Nilimwambia ni maji zaidi."

Pale chini ya mti alikuwa ameketi Daktari Kirwa, ambaye alikuwa anatibu watu wa kifua hapo Eldoret na yeye pia alikuwa na hisa kwenye shamba. Akasimama. "Rudia hapo, mama. Umemwambia nini?"

Nikarudia, asidi ya betri na yote. Yule mtu alijaribu kujizuia, nilimwona akijaribu, mashavu yakavimba, kisha akapasuka kicheko mpaka kofia ikaanguka, na mkutano wote ukaanguka naye. Mwalimu Rono aliweka debe chini. Wazee walishikana mabega. Nami nimesimama katikati kama mti uliosahauliwa na msumeno.

Lakini alipomaliza kupangusa macho, Daktari hakukaa. "Sikilizeni," akasema. "Neno hilo ni la watu wa kemia. Haidrazaidi ni kitu ambacho ndani yake naitrojeni mbili zimeshikana mikono, na haidrojeni pembeni. Hakuna hata tone la maji. Asidi hiyo si ya betri, ni jina tu la kule dawa ilikotokea, na nikotini hapo si ugoro, kwa hivyo wazee msianze kufurahi. Jina lake fupi ni isoniazidi. Kazi yake ni kuua vijidudu vya kifua kikuu, pamoja na dawa zingine, kila siku, bila kuruka, muda mrefu hata baada ya mtu kujisikia mzima. Kikombe kimoja cha maji kinatosha kuimezea." Akamgeukia Gitau. "Na wewe. Makohozi ya Mzee Kariuki nimeyapima mwenyewe. Hayana vijidudu tena. Akiendelea na dawa, atalima, na huenda akakuzika."

"Na akinikoholea mimi?" mtu mwingine akauliza, na safari hii hakuwa anadhihaki, alitaka kujua.

"Nimekaa naye sana kuliko nyinyi nyote," Daktari akajibu. "Na niko hapa, mzima."

Ndipo Mzee akatokea kwenye kona ya kayaba anafunga kifungo cha koti, akakuta watu wote wanamtazama na wengine bado wanajifuta machozi. Akasimama. Mwalimu Rono akakohoa kidogo. "Mara ya tatu," akasema, "sijaita bado." Akavuta pumzi akaita kwa sauti iliyofika barabarani: "Kariuki wa Njoroge!"

"Niko!" Mzee akajibu, akaja akitembea wima, akatia mkono kwenye debe. Kipande alichopata hakikuwa kizuri sana wala kibaya: mteremko, udongo mwekundu, upande mmoja mawe. Alikiendea siku hiyo hiyo akachukua udongo akaunusa.

Kurudi nyumbani alikaa mbele kabisa ya trela, mgongo kwangu. Nikajua naitiwa Kamau, naitiwa wazazi wangu, narudishwa kwetu. Tulipofika alimwomba Mama chai, akaninyooshea kidole nikae.

"Msichana wangu. Ulisimama mbele ya watu ukasema ninakojoa."

"Ndiyo, Baba." Nilikuwa natazama vidole vyangu vya miguu.

"Afadhali hivyo kuliko wangesema nimekufa." Akanywa chai. Halafu mabega yake yakaanza kutikisika, nikafikiri ni homa, kumbe ni kicheko. Akacheka mpaka akakohoa, na mimi na Mama tukangoja kama tulivyozoea kungoja. Kikohozi kilikuwa kifupi, kikavu, kikaisha. Yeye mwenyewe akashangaa. Akatuangalia, akaomba kikombe kingine.

Alimaliza dawa zake zote, ikachukua zaidi ya mwaka, na hakuruka hata asubuhi moja. Alilima mteremko ule, mawe akayajengea ukuta wa ng'ombe, na Gitau alikuja kuazima jembe mara nyingi kuliko alivyorudisha. Kina mama wa Chepsaita waliniita Mama Zaidi kabla sijapata mtoto yeyote, na jina hilo limenigandama mpaka leo. Sikatai. Nililitafuta mwenyewe.

Ila niliapa. Neno nisilolijua silipasui tena vipande kama kuni kisha nikawasha moto nalo. Nasema sijui. Ni neno gumu kulitoa, hasa mbele ya wakwe. Mara ya kwanza kulisema, Mama alikuwa ameniletea chupa nyingine, ya macho yake, akitaka nimsomee imeandikwa nini. Nikasoma, nikalimeza lile la uongo lililokuwa tayari limefika kwenye ulimi, nikasema, "Mama, hili silijui." Kisha akajifunga leso, akasema, "Hata mimi silijui. Vaa viatu," tukatoka wote wawili kwenda kumuuliza daktari.