Mlango Unaotazama Kusini

Mwaka ule tuliokula unga wa njano, ugali wake rangi ya kinyesi cha mtoto mchanga, Mungu anisamehe, maana tuliula na tukaomba mwingine, ndio mwaka tuliohamishiwa kijiji cha Ujamaa, upande wa Usoke. Lori lilitumwaga porini na vyungu vyetu, tukaambiwa hapa ndipo maendeleo yalipo. Nikaangaza huku na huku. Labda yalikuwa yamekwenda kuchota maji.

Mume wangu hakuwepo. Alikuwa Tanga anakata mkonge, na habari zake zilikuwa adimu kama nyama. Sasa kwa wakwe zangu kuna desturi, waliyoachiwa na babu zao waliobeba pembe za ndovu mpaka pwani. Mwanamume akiwa safarini, mlango wa mkewe utazame nyota fulani ya kusini, na usigeuzwe mpaka arudi. Ukigeuzwa, mwenye safari anapotea njia. Nyota yenyewe wala si ile inayong'aa kuliko zote. Imekaa chini, kando ya mbili kubwa, rangi yake ya mawese. Kiangazi, jua likishazama, ukikaa kizingitini unabangua karanga unaiona mbele yako. Mama mkwe alinionyesha siku mume wangu alipopanda treni.

"Hiyo ndiyo itakayokuchunga," akasema.

Aliyenichunga ni yeye, lakini tuyaache.

Kamati ikaamua milango yote itazame barabara, iliyopita kaskazini, ili mgeni wa serikali akija aone kijiji kizima kinampokea. Nyumba yangu niliijenga kwenye mstari kama wenzangu, kamba imenyooka. Mlango nikauweka kusini.

Mwenyekiti akaja. Kijana tu, tuliyemjua tangu anachunga mbuzi na kamasi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

"Mama, nyumba yako imeipa barabara mgongo."

"Kwani barabara imenipa nini?"

"Mgeni atasema nini akiona matako ya nyumba?"

"Atasema hapa hata nyumba zina adabu, hazikodolei macho wapita njia."

Majirani wakacheka. Yeye hakucheka. Akasema nisipougeuza, siku za kugawa unga nitakuwa nyuma ya watu wote. Wanangu walikuwa wamesimama pale pale, matumbo wazi, wanamsikiliza.

"Mlango wangu haugeuki," nikamwambia.

Basi nikawa wa mwisho. Wa mwisho hapimiwi, anakung'utiwa gunia. Nilipewa unga wenye vumbi na nyuzi za katani, nikacheka moyoni, pengine katani yenyewe kaikata mume wangu. Tulikula mlenda mwingi na ugali kidogo. Binti yangu alikuwa akilamba sufuria mpaka naogopa ataitoboa. Jioni nakaa kizingitini, naitazama nyota, nayo hainipi hata tonge. Lakini nilijiuliza, nikiugeuza, halafu baba yao asirudi, ni unga gani utakaonishibisha?

Mgeni mwenyewe hakupita. Tulisikia gari lake liliharibikia njiani, akarudi mjini. Milango ikaendelea kuitazama barabara, na barabara ikaendelea kuipa vumbi.

Kiangazi cha pili mume wangu akarudi. Alishuka stesheni akaja kwa barabara, redio begani. Mimi niko kizingitini kwangu, nikasikia mtu anapapasa ukuta upande wa pili.

"Hodi! Nyumba hii inaingiliwa wapi?"

Akazunguka mpaka akanifikia. Jua lilikuwa limezama, na nyota iko kusini, juu ya kichwa chake. Sikulia. Nilimpa kigoda na maji, kisha nikamwuliza kama huko Tanga alikuwa akiitazama.

"Nini?"

"Nyota yenu."

"Nyota gani?"

Nikamwonyesha. Akaitazama kwa heshima, kama mtu anayeonyeshwa ndama wa jirani.

"Ahaa. Kule tulikuwa tunachoka sana, mama watoto."

Akanywa maji yote, akafuta mdomo, akaikagua nyumba.

"Lakini hapa umekosea. Wenzako wote wametazama barabara. Kesho nitatoboa mwingine upande ule, huu tuuzibe."

Kwa desturi yao alikuwa na haki. Mwenye safari amerudi, amekaa juu ya kigoda changu, redio yake inakoroma. Nyota haikuwa na kazi tena. Nikamtazama binti yangu, nikalikumbuka lile gunia.

"Mlango wangu haugeuki."