Aunty Kasiva na Mtu wa Ndani ya Helmeti

Kwetu ukipoteza kitu, unaulizwa kwanza kama umeuliza Kasiva. Huyu ni aunty yangu, mdogo wa mathe, na Mungu alimpea macho. Anaweza kukuambia jirani alivaa nini Jumapili ile ingine, na ni kifungo gani haikuwa. Amefanya kazi ya nyumba Lavington tangu kabla niache shule Form Two, na hii nyumba ya sasa, ya Mama Shiru, ndio amekaa kuliko zote. Ako na chumba yake pale nyuma, ako na redio, ako na Shiru wa kulea. Jumapili akitoka kanisa anakuja kwetu Uthiru kutupea habari za huko nyuma ya kuta.

Hajaolewa na hapendi kuulizwa.

"Nimeona ndoa za watu," anasema. "Hiyo kuangalia imenitosha."

Mtu humleta Jumapili ni Mwololo, jamaa wa pikipiki wa ile stage iko karibu na geti yao. Ni Mkamba kama sisi, mrefu, mweusi tititi, na wakiwa barabarani wanaongea mambo ya nyumbani mpaka afike amekauka koo. Kama kuna mtu aunty angeweka mkono kwa Biblia aseme namjua, ni huyo.

Sasa, kulikuwa na Alhamisi moja ya manyunyu. Mama Shiru, jina yake ni Veronicah, hufanya kazi ofisini huko tao. Siku hiyo alifika Kimathi Street ndio akakumbuka laptop imebaki juu ya meza. Na saa nane alikuwa na mkutano na wakubwa, na kila kitu iko ndani ya hiyo laptop. Akapigia Mwololo. Akapigia aunty pia: Mwololo anakuja, mpe.

Pikipiki ikafika. Ilikuwa ni ile na kiti ya rangi nyekundu. Jaketi ya stage, kumi na nne kubwa mgongoni. Helmeti ya manjano, kioo imeshushwa kwa sababu ya mvua. Aunty akampea laptop ndani ya begi yake.

"Mwololo, usiloweshe kitu ya watu."

"Sawa, siz."

Akaenda. Laptop haikufika.

Mama Shiru alipiga simu akiwa kwa lifti, akapiga akiwa mlangoni pa mkutano. Kila saa Mwololo alikuwa anajibu vile watu wa pikipiki hujibu: "Niko hapa tu, madam. Nakuja." Halafu jioni jamaa akatokea pale Lavington na miguu. Hana pikipiki, hana jaketi, hana laptop, amejaa matope mpaka magoti. Akasema hajakanyaga hiyo geti siku nzima. Alikuwa Dagoretti kuchagua mbuzi, juu Jumamosi yeye na wazee wake walikuwa wapeleke mbuzi za mahari kwa kina Nthenya, msichana wake. Mwenye alikuja ni squad.

Squad ni yule mtu anakushikia pikipiki ukiwa na shughuli. Unampea pikipiki, na lazima umpee jaketi pia, juu bila jaketi ya stage hubebi mtu hapo, watakufukuza. Na kwa hiyo stage squad ilikuwa imekatazwa kabisa. Kwa hivyo Mwololo alikuwa amempea kimyakimya, na akipigiwa na mteja alikuwa anasema nakuja, halafu anapigia squad aende. Squad yenyewe ilikuwa ni kijana anaitwa Norman. Simu ya Norman ilikuwa imezima.

"Mwololo," aunty akasema, "unanikana mbele ya macho yangu? Si nimekuita na jina ukaitika?"

Basi. Mama Shiru akaita polisi, na hapo ndio Mwololo alibebwa. Polisi wakaambia aunty aje asubuhi aandikishe vile aliona, ndio jamaa apelekwe kortini.

Mathe alinituma Ijumaa asubuhi nimsindikize. Mimi huuza vitabu mtumba kwa barabara huko tao, na mathe anaamini mtu akiuza vitabu anaweza kuongea na polisi. Nikampata aunty amevaa ile nguo ya kanisa, hajalala vizuri, lakini amekaza.

"Sijafurahia," akaniambia tukitembea. "Lakini nimeona. Mtu akiona ameona."

Tukafika stage. Kulikuwa bado kunanyunya, wasee wote wamekaa juu ya pikipiki na helmeti. Aunty akaona jaketi namba tisa. "Sasa Mbugua. Mama ameshuka homa?"

Jaketi namba tisa ikasema poa.

"Nauliza mama yako."

Jamaa akatoa helmeti polepole. Hakuwa Mbugua. Hakuwa hata karibu na Mbugua, alikuwa na ndevu.

Chairman wa stage, mzee mmoja mfupi anaitwa Macharia, alikuwa anakunywa chai pale kwa kibanda. Akaweka kikombe chini.

"Mbugua ako wapi?"

"Ako kwa daktari wa meno, chairman."

"Na wewe ni nani?"

"Mimi ni squad."

"Hapa hakuna squad!" Macharia akapiga kelele mpaka askari wa geti ya jirani akachungulia. "Toeni helmeti! Nyinyi wote! Toeni!"

Wakatoa. Manze, ungecheka. Karibu nusu walikuwa watu Macharia hajawahi kuona. Na anawasalimia kila asubuhi. Kuna mmoja alikuwa ameshika wiki nzima, tena ameshachangia matanga ya stage.

"Huyu nilimtuma sigara jana," Macharia akasema, anaongea na kikombe. "Nikamwita Kamande. Akaenda akaleta na chenji."

Sisi tulicheka. Aunty hakucheka. Alikaa kwa jiwe la pale kibandani kama mtu amesukumwa.

"Sasa mimi jana niliona nani?" akauliza.

Nikamwambia kuna kitabu moja nimekaa nayo, haina jalada, hakuna mtu hununua, kwa hivyo mimi ndio huisoma. Imejaa maswali ya hiyo aina. Kuna wale wanasema ukiona kikombe, umeona kikombe yenyewe, imeisha. Kuna wengine wanasema wapi, wewe unaona tu rangi na umbo inakuja kwa macho, halafu kichwa ndio inaamua hiyo ni kikombe. Na kuna wengine wagumu kabisa, hao wanakuuliza unajuaje hata hauoti saa hii.

"Hao watu hawana kazi?"

"Hiyo ndio kazi yao."

"Na wanalipwa." Akatingisha kichwa. Halafu akaniangalia vibaya. "Na wewe? Nikisema wewe ni Mwangangi, nitasemaje najua?"

"Aunty, mimi sina helmeti."

"Sijui kama nilizima gesi."

Tukarudi. Gesi ilikuwa imezimwa. Akaishika, akaizima tena. Tukatoka, akafika geti, akarudi kushika kufuli. Mtu wa maziwa akapita akamwambia habari ya asubuhi, aunty akamwambia kwanza toa kofia. Huyu ni mtu jana angekuambia kifungo gani haiko. Nilianza kujuta kutaja hiyo kitabu.

Ndani ya Uber, tukiwa karibu na kituo cha polisi, akaniambia:

"Nikisema ni Mwololo, anaenda ndani, na kesho mbuzi hazipelekwi. Nikisema sijui, basi mimi ndio nimepea mtu nisiyemjua mali ya Mama Shiru. Kazi imeenda."

"Utasema nini?"

"Si niseme kenye niliona."

"Na ni nini?"

Aunty akaangalia mikono yake.

Mama Shiru alikuwa amefika kabla yetu, amekaa kwa benchi na koti ya ofisi, macho nyekundu. Huo mkutano ulikuwa umemwendea vibaya. Afande alikuwa kijana tu, mrefu, na karatasi mbele yake.

"Haya mama. Jana ulitupatia jina. Mwololo. Leo useme tuandike."

"Jana nilipatia jaketi jina," aunty akasema.

"Sijaelewa."

"Niliona jaketi, kumi na nne. Niliona helmeti ya manjano. Niliona pikipiki yake. Nikasikia mtu akisema sawa siz. Hiyo yote niliona na nikasikia, na siwezi rudisha. Mwololo mwenyewe sikuona. Huyo nilimweka mimi."

Mama Shiru akainua kichwa. "Kasiva. Kama hakuwa Mwololo, ulipea nani laptop yangu?"

"Sijui, Mama Shiru."

"Hujui."

"Sijui. Nilipaswa kumwambia atoe helmeti na sikumwambia."

Mimi nilikuwa nimeangalia sakafu. Mtu ako na kazi Lavington anajua hiyo ni sentensi inaweza kukufungia chumba, ubaki bila kazi.

Afande akaweka kalamu chini. "Mama, tukienda hivyo kila shahidi atakuja hapa aseme hakuona, ni yeye aliweka. Hata mimi utasema hujaniona."

"Wewe nakuona," aunty akasema. "Uko hapa na mwangaza iko. Umejikata ukinyoa, hapa chini ya kidevu, na umebandika karatasi ya choo na umesahau kutoa. Hiyo hata mtu aniambie naota, nitamwambia aote na yeye."

Afande akashika kidevu. Kwa pale nyuma kuna mwenzake alicheka mpaka akakohoa. Lakini yule kijana hakukasirika. Akatoa ile karatasi, akaiangalia, akaanza kuandika upya, na akaandika vile aunty alisema: jaketi, helmeti, pikipiki, sauti. Akimaliza akamwita Mwololo kutoka ndani, akamuuliza mambo yenye jana hakuna mtu alitaka kumuuliza. Norman ni nani. Anakaa wapi. Namba ya pikipiki ni gani.

Nikatumia Macharia hiyo namba. Macharia, na vile alikuwa amechomeka na mambo ya squad, aliiweka kwa makundi yote ya WhatsApp ya wasee wa pikipiki upande huu wa Nairobi. Hatukuwa tumemaliza hata chai ya kantini. Msee wa Kangemi akajibu na picha. Kiti nyekundu, imelala kwa uwanja wa kituo kingine, gurudumu la mbele limekunjika. Kuna pikapu iligonga mtu hapo Waiyaki Way jana asubuhi ikatoroka. Mwenye alikuwa kwa pikipiki alibebwa hospitali na watu wa soko.

Afande akapiga simu hapa, akapiga pale. Tulikuwa tumesimama wote, hata Mama Shiru. Akafunika simu na mkono.

"Ako hai. Mguu. Simu ilivunjika. Aliamka leo asubuhi. Na kuna begi hataki kupea mtu, ati ni ya mteja."

Mama Shiru alikaa chini tena, akacheka, halafu akalia kidogo, halafu akauliza kama kuna mtu ako na tishu. Aunty akampea leso yake. Mwololo akatolewa, hana mshipi, anashika suruali na mkono moja. Akasimama mbele ya aunty.

"Kasiva. Umenilaza seli."

"Nimekulaza. Nisamehe."

"Na umenitoa."

"Wewe pia umesema nakuja nakuja siku nzima na ulikuwa na mbuzi. Hiyo utasamehewa na nani?"

Mwololo akaangalia Mama Shiru. "Madam, hiyo ni kazi tu. Mtu wa pikipiki hawezi kusema haji."

"Kesho enda upeleke mbuzi," Mama Shiru akamwambia. "Na wewe Kasiva, twende tumwone huyo mtu. Uje na mimi."

Hakusema ingine juu ya kazi. Lakini vile alisema uje na mimi, aunty alivuta pumzi mpaka nikaisikia.

Hospitali Norman alikuwa kitanda ya mwisho, karibu na dirisha. Mguu kwa plasta. Kijana mfupi, mweupe, mapengo mbele, masikio makubwa. Ukimweka karibu na Mwololo huwezi kuamini pikipiki moja iliwabeba wote. Begi ilikuwa chini ya mto. Mama Shiru akafungua laptop, kona moja imepasuka, akabonyeza, ikawaka. Akaifunga tena haraka kama mtu anaogopa itabadilisha mawazo.

Aunty alikuwa amesimama miguuni pa kitanda.

"Kumbe ni wewe."

"Ni mimi, siz."

"Na nikikuita Mwololo mbona uliitika?"

"Siz, nikivaa hiyo jaketi huitika Mwololo. Hata trafiki hunijua hivyo. Kuna mama mmoja wa hapo Lavington huniuliza mbuzi zimefika wapi, namwambia tunasukuma."

Aunty akashika chuma ya kitanda akacheka, ile kicheko ya kutoka tumboni, mpaka nesi akakuja kuangalia ni mgonjwa gani amezidiwa. Machozi ilikuwa inamtoka. Akapangusa na mkono, juu leso ilikuwa kwa Mama Shiru, akavuta kiti karibu na dirisha pale kuna mwangaza.

"Geuka huku kidogo," akamwambia Norman. "Nikuone."